Ukisimamishwa na polisi Kenya: mwongozo kamili wa upekuzi, maandamano na saa 24 za kwanza

Kijana wa jirani yetu alishikwa Alhamisi saa nne asubuhi, akiwa kwenye kibanda chake cha kuuza vifuniko vya simu. Tulipofika kituoni, kitabu cha matukio kilionyesha kwamba ameshikwa saa kumi na mbili jioni ya siku hiyo hiyo. Mtu asiyeijua sheria ataona ni tofauti ya saa nane tu. Ukweli ni kwamba saa hizo nane zingemlaza mahabusu hadi Jumatatu badala ya kufika mahakamani Ijumaa. Kilichomwokoa ni ujumbe wa simu ambao mwuzaji wa kibanda cha pili alimtumia kaka yake: "Wamemshika sasa hivi." Ulikuwa na saa yake, saa nne na dakika saba. Wakili aliuonyesha kwa mkuu wa kituo, na Ijumaa kabla ya adhuhuri kijana alikuwa mbele ya hakimu.

Nimeandika mwongozo huu kwa sababu ya ujumbe ule. Barabarani afisa ana nguvu kuliko wewe, na hilo halibadiliki kwa kumkariria katiba. Lililo mikononi mwako ni kurudi nyumbani mzima, na kubaki na kumbukumbu ya saa, mahali na majina. Yote yafuatayo yanahusu Kenya. Nchi jirani zina sheria zao.

Mamlaka ya polisi yanatoka wapi

Huna haja ya kukariri vifungu vingi. Katiba ya 2010 ndiyo mama: ibara ya 31 inalinda mwili wako, nyumba yako, mali yako na mawasiliano yako dhidi ya upekuzi usio na sababu, ya 37 inakupa haki ya kukusanyika na kuandamana kwa amani bila silaha, na ya 49 inaeleza haki za aliyekamatwa. Chini yake kuna Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, Sura ya 75. Kanuni za Adhabu, Sura ya 63. Sheria ya Utulivu wa Umma, Sura ya 56. Na Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011.

Kuhusu kusimamishwa njiani, kifungu kikubwa ni cha 26 cha Sura ya 75. Kinamruhusu polisi kusimamisha na kupekua gari, chombo cha majini au mtu, pale anaposhuku kwa sababu ya msingi kwamba kuna mali ya wizi au iliyopatikana kinyume cha sheria. Sheria za dawa za kulevya, za bunduki na za ugaidi zinaongeza mamlaka mengine. Katika zote hizo lazima pawe na shaka yenye sababu. Kuwa kijana, kuwa na rasta, kuvaa kanzu Ijumaa au kuishi mtaa wenye jina baya si sababu.

Ukisimamishwa ukiwa kwa miguu

Kwanza, simama. Usikimbie, hata kama mfukoni huna chochote. Anayekimbia anampa afisa ile shaka ambayo hakuwa nayo, na wapo waliopigwa risasi mgongoni kwa kukimbia tu. Toa mikono mifukoni polepole, ionekane.

Pili, salimia na uulize. "Habari ya kazi, afande. Kuna shida gani?" Sauti iwe ya kawaida, isiwe ya kunyenyekea wala ya kugombana. Akiwa amevaa kiraia, mwombe kwa heshima akuonyeshe kitambulisho chake cha kazi. Akiwa na sare, tazama kifuani: sheria ya 2011 inamtaka avae jina au namba ya utumishi mahali panapoonekana wazi. Agosti 2024, baada ya watu waliofunika nyuso kuonekana wakikamata waandamanaji, Mahakama Kuu ililisisitiza jambo hilo kwa amri. Soma jina, lirudie kichwani mara tatu. Usimnyooshee kidole.

Tatu, ukiombwa kitambulisho cha taifa, toa. Wengi wanapoteza nusu siku wakibishania jambo ambalo lingeisha kwa dakika moja. Kama umekiacha nyumbani, sema hivyo, taja jina lako kamili na mahali unapokaa, na umpigie mtu akutumie picha yake.

Nne, akitaka kukupekua, uliza anatafuta nini. Sema wazi, mara moja: "Sikubaliani na upekuzi huu, afande, lakini sitakuzuia." Sentensi hiyo ina kazi mbili. Inaonyesha kwamba hukuridhia, jambo linaloweza kuzingatiwa mahakamani baadaye, kwa kuwa ibara ya 50 inaruhusu ushahidi uliopatikana kwa kuvunja haki kutupwa nje ikiwa kuukubali kutaharibu haki ya kesi. Pia inakuondoa kwenye kosa la kumzuia polisi kazini, ambalo ndilo wengi huishia kushtakiwa nalo pale ambapo upekuzi haukutoa kitu.

Tano, na hapa naomba usome polepole: angalia mikono yake kabla haijaingia mfukoni mwako. Hofu ya kuwekewa misokoto ya bangi si ya kubuni, na kila mtaa una mtu wa kuisimulia. Omba utoe vitu mwenyewe, kimoja kimoja, uviweke juu ya kitu kilicho wazi, boneti ya gari au meza ya muuza viazi, huku ukivitaja kwa sauti: "Hii ni simu, hizi ni funguo, hii ni shilingi mia nne." Kutaja kwa sauti kunawageuza wapita njia kuwa mashahidi. Kama kuna duka karibu, sogea upande wa mwanga wake, lakini useme kwanza kwamba unasogea.

Mwanamke anapekuliwa na mwanamke mwenzake tu, tena kwa staha. Hilo liko kwenye kifungu cha 27 cha Sura ya 75 na halina mlango wa nyuma. Dada, ukisimamishwa na maafisa wa kiume peke yao, sema: "Nitasubiri afisa wa kike." Kama hayupo, wampigie simu au mwende kituoni. Mkoba wako wanaweza kuutaka. Mwili wako hawagusi.

Mwisho, uliza swali hili moja: "Afande, naweza kwenda, au umenishika?" Hakuna hali ya tatu baina ya hizo mbili. Akisema nenda, nenda, bila neno la kumalizia. Akisema umeshikwa, saa imeanza kuhesabiwa. Itazame.

Kuhusu kitu kidogo: Sheria ya Hongo ya 2016 inamtia hatiani anayetoa sawasawa na anayepokea. Najua mia mbili humaliza shida papo hapo. Najua pia vijana wanaosimamishwa kona moja kila wiki kwa sababu kona hiyo ishajua kwamba wao hulipa.

Matatu, bodaboda na gari lako

Kizuizi cha barabarani ni halali, na dereva lazima asimame. Wewe abiria huna kosa kwa sababu tu dereva hana leseni. Mzigo ukipekuliwa, shuka uwe karibu nao. Usiruhusu begi lako lifunguliwe nyuma ya gari ukiwa umeketi mbele.

Simu

Siku hizi afisa hatafuti kisu, anataka simu. Picha, makundi ya WhatsApp, na nani uliongea naye jana usiku. Ibara ya 31 inataja faragha ya mawasiliano kwa jina. Afisa anaweza kuichukua simu kama kielelezo ukiwa umekamatwa, ila kuisoma ndani ni jambo jingine linalohitaji amri ya mahakama. Hulazimiki kutoa namba ya siri. Jibu linatosha kuwa: "Nitaongea na wakili wangu kwanza."

Lakini tuseme ukweli, jibu hilo ni gumu kulitoa ukiwa umezungukwa na watu wanne. Kwa hiyo kazi ya simu hufanywa nyumbani kabla. Zima kufungua kwa alama ya kidole na kwa uso, weka namba ndefu. Ficha ujumbe usionekane kwenye kioo kilichofungwa. Andika namba ya IMEI, yaani namba ya utambulisho wa simu yenyewe, utaipata kwa kubonyeza *#06#, uiache kwa mtu wa nyumbani. Na namba za watu wawili zikariri kichwani au ziandike kwenye mkono kwa kalamu ya wino, kwa maana simu ikishachukuliwa, hata namba ya mama hukumbuki.

Kumrekodi polisi akifanya kazi mahali pa umma si kosa. Rekodi ukiwa mbali kidogo, usiingilie, na usianze kurekodi ukiwa wewe ndiye unayepekuliwa. Mwachie aliye kando. Maeneo yaliyotangazwa na serikali kuwa ya ulinzi, kama kambi, yana sheria yake, huko weka simu chini.

Wakibisha mlango

Uliza hati ya upekuzi, na uisome: jina, nyumba, kinachotafutwa, sahihi ya hakimu. Kwa kawaida hati hutekelezwa kati ya kuchomoza na kuzama kwa jua, isipokuwa mahakama imeruhusu vingine. Sheria inaruhusu kuingia bila hati pale ambapo kuchelewa kungepoteza ushahidi au mtu anayetafutwa yuko ndani, na kisingizio hicho hutumiwa sana, kwa hiyo usizuie mlango kwa mwili wako. Ita jirani aje ashuhudie. Kila kinachochukuliwa kiandikwe kwenye orodha, na usitie sahihi orodha yenye nafasi tupu chini. Piga mstari hapo kwanza.

Maandamano: taarifa, si kibali

Sheria ya Utulivu wa Umma ni ya 1950, enzi ya mkoloni, na kwa miaka mingi ilimtaka mtu aombe leseni ndipo akutanishe watu. Mkutano wa Saba Saba pale Kamukunji mwaka 1990 ulipigwa marufuku kwa mtindo huo, na wanasiasa waliouitisha, Kenneth Matiba na Charles Rubia, wakatiwa kizuizini siku chache kabla yake. Mageuzi ya 1997 yaliondoa leseni, ikabaki taarifa. Bado hadi leo utasikia hata watangazaji wakisema "hawakupewa kibali". Hakuna kibali. Unamjulisha mkuu wa kituo ili apange usalama. Humwombi ruhusa ya kutumia haki uliyopewa na katiba.

Namna ya kufanya ni hii. Barua iende kwa mkuu wa kituo cha eneo la mkutano, si chini ya siku tatu kabla na si zaidi ya siku kumi na nne. Itaje jina kamili la mwandalizi na mahali anapopatikana, tarehe na saa, ambazo lazima ziwe kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni, na mahali pa mkutano au njia itakayopitwa. Njia iandike kwa majina ya barabara, kituo hadi kituo. Mfano:

"Kwa Mkuu wa Kituo. Kwa mujibu wa ibara ya 37 ya Katiba na kifungu cha 5 cha Sura ya 56, tunakujulisha kwamba tutafanya maandamano ya amani siku ya Jumanne, tarehe fulani, kuanzia saa tatu asubuhi hadi saa saba mchana, kutoka uwanja fulani kupitia barabara fulani hadi ofisi ya kaunti, ambako tutawasilisha ombi letu la maji. Tunaomba ulinzi wa polisi. Mwandalizi ni fulani, simu namba fulani."

Chapisha nakala mbili. Moja wabaki nayo, nyingine ipigwe muhuri wa kupokea, pamoja na tarehe na saa. Nakala yenye muhuri ndiyo roho ya jambo zima. Wakikataa kugonga muhuri, na hili hutokea, nendeni watu wawili, mmoja aandike jina la afisa aliyekataa na saa, kisha tuma barua hiyo kwa barua pepe au kwa rejesta ya posta siku hiyo hiyo, na nakala kwa kamanda wa kaunti. Msirudi nyumbani mkisema "wamekataa".

Mkuu wa kituo anaweza kusema kuna kundi jingine lililotoa taarifa ya mahali hapo hapo kwa saa hiyo hiyo. Hapo mtabadilisha tarehe au mahali. Kusema tu "hali ya usalama hairuhusu" hakutoshi. Julai 2024, wakati wa maandamano yaliyoanzia kwenye mswada wa fedha, polisi walitangaza marufuku ya kuandamana katikati ya Nairobi, na Mahakama Kuu ikaisimamisha siku iliyofuata.

Mkusanyiko unakuwa haramu, kwa mujibu wa Kanuni za Adhabu, pale watu watatu au zaidi wanapokusanyika kwa nia ya kutenda kosa, au kwa mwenendo unaowatia majirani hofu ya msingi kwamba amani itavunjwa. Ndiyo maana mawe yana gharama kubwa kuliko anavyodhani anayeyarusha: mkono mmoja unawapa polisi sababu ya kuwatawanya elfu moja. Wekeni watu wenu wenye fulana za rangi moja, kazi yao iwe kuwatoa wenye mawe.

Siku yenyewe: viatu vya kamba, maji, kitambulisho, dawa zako kama unatumia, hakuna lenzi za macho kwa sababu ya gesi. Gesi ikirushwa, tembea kinyume na upepo unakoipeleka, osha macho kwa maji safi, usiyasugue. Panga na mwenzako mmoja, kila mmoja awe macho ya mwenzake, na mtu wa tatu aliye nyumbani mnayemtumia ujumbe kila saa.

Nguvu ya polisi ina mipaka iliyoandikwa kwenye Jedwali la Sita la sheria ya 2011. Njia zisizo za nguvu kwanza, nguvu ilingane na hatari, na kabla ya bunduki afisa ajitambulishe na atoe onyo la wazi, isipokuwa onyo lenyewe lingehatarisha maisha. Hata amri ya kutotoka nje usiku, ambayo sheria ya 1950 inairuhusu, haifuti mipaka hiyo. Machi 2020 watu walipigwa na kurushiwa gesi kwenye kivuko cha Likoni, Mombasa, saa chache kabla ya amri ya corona kuanza. Baadaye Mahakama Kuu ilisema amri ilikuwa halali, ila nguvu zilizotumika kuitekeleza zilivunja katiba.

Ukikamatwa: hesabu ya saa

Una haki ya kuambiwa sababu mara moja, kwa lugha unayoielewa, kunyamaza, kuzungumza na wakili na mtu mwingine wa kukusaidia, na kufikishwa mahakamani haraka iwezekanavyo, bila kuzidi saa 24. Kuna nyongeza ambayo wengi hawaijui: saa 24 zikiishia nje ya saa za mahakama au siku isiyo ya mahakama, muda unasogea hadi mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Ukikamatwa Ijumaa saa tisa alasiri, saa 24 zinaishia Jumamosi, kwa hiyo wana hadi Jumatatu. Sasa unaelewa kwa nini misako hupenda Ijumaa. Na unaelewa kisa cha kijana wetu: Alhamisi saa nne asubuhi humaanisha Ijumaa saa nne asubuhi, mahakama iko wazi. Alhamisi saa kumi na mbili jioni humaanisha Ijumaa jioni, mahakama imefungwa, basi Jumatatu.

Kwa hiyo ukifika kaunta ya kituo, kabla ya jambo lolote, omba saa ya kukamatwa iandikwe sawasawa kwenye kitabu cha matukio na kwenye rejesta ya mahabusu, na upewe namba ya OB, yaani namba ya tukio lako kwenye kitabu hicho cha matukio. Hesabu pesa zako mbele yao zikiandikwa. Kama umeumia, sema hapo hapo iandikwe.

Jina na makazi taja. Zaidi ya hapo, "nitaandika taarifa wakili wangu akiwepo." Afisa mpole mwenye chai ni wa kuogopwa kuliko anayefoka. Usitie sahihi karatasi ambayo hujaisoma. Kukiri mbele ya mpelelezi wako hakukubaliki mahakamani. Sheria ya ushahidi inataka kuwe mbele ya hakimu au jaji, au mbele ya afisa wa cheo asiye mpelelezi wa kesi hiyo pamoja na mtu uliyemchagua mwenyewe.

Bondi ya polisi, yaani ahadi ya kurudi unapoitwa ili uachiliwe, haiuzwi. Ukiambiwa ulipe dhamana ya fedha taslimu, dai risiti rasmi. Fedha hizo hurudishwa. Na kama kosa adhabu yake ni faini tu, au kifungo kisichozidi miezi sita, katiba inakataza kuwekwa rumande.

Mtoto hawekwi na watu wazima, na mzazi lazima ajulishwe. Tangu Sheria ya Watoto ya 2022, aliye chini ya miaka 12 hawezi kushtakiwa kwa kosa la jinai kabisa.

Nyinyi mlio nyumbani

Mama, mke, kaka, rafiki: msiende kituoni mmoja mmoja, na msiende mikono mitupu. Beba kitambulisho cha aliyeshikwa, dawa, nguo ya joto na daftari. Uliza kwa adabu kama yupo, kwa majina yake yote. Mkijibiwa hayupo, andika jina la aliyejibu na saa, kisha kituo kinachofuata. Saa 24 zikipita bila kumpata, msisubiri wiki. Wakili aombe Mahakama Kuu iamuru aletwe mbele yake akiwa hai. Haki hiyo, kwa ibara ya 25, haiwezi kuwekewa mpaka na sheria yoyote, na ombi hufanywa kwa hati ya dharura. Ule ujumbe wa kwanza, "wamemshika sasa hivi", ndio mtakaoupeleka.

Malalamiko

Kama umepigwa, hospitali kwanza, hata kabla ya kuoga. Chukua karatasi za matibabu, piga picha za majeraha siku hiyo na tena siku ya tatu, michubuko huiva baadaye. Ripoti kituoni upate namba ya OB na fomu ya P3, ile ambayo daktari huijaza kuhusu majeraha yako. Kama kituo hicho ndicho kilichokuumiza, nenda kingine.

Kisha nenda IPOA, mamlaka huru iliyoundwa kwa sheria ya 2011 kuchunguza polisi. Ina ofisi Nairobi, Mombasa, Kisumu, Garissa na miji mingine, na simu ya bure 1559. Kulalamika ni bure, unaweza kufanya kwa mdomo au maandishi, na unaweza kuomba jina lako lisitajwe. Kifo au jeraha baya lililosababishwa na polisi, polisi wenyewe wanatakiwa kisheria kuwaarifu IPOA. Usiwategemee, ripoti wewe.

Andika malalamiko kwa mpangilio wa saa, si wa hasira. Saa ngapi, wapi, nani, alisema nini, nani aliona. Namba ya gari hata kama ni nusu. Majina ya kifuani. Ukipewa namba ya faili, iandike kwenye daftari lile lile, chini ya ile saa ya kwanza.